Sale la Kona ya Juu

Siku hizi ukimwita Mama Kristian haitiki. Utasimama mlangoni kwake uite mpaka koo likukauke, na yuko ndani anachambua maharage, anakusikia vizuri kabisa. Mwite Mama Shukrani, atatoka. Wageni wanadhani ni uzee, wengine wanasema akili imeanza kumruka. Akili yake haina tatizo lolote. Mimi ni jirani yake tangu nilipoolewa hapa Kwemsumbi, mlango wangu unatazamana na wake, na kama kuna mtu mwenye akili timamu kwenye mlima huu ni yeye. Sisi wengine ndio wa kutiliwa shaka.

Siku ya kufungua uwanja mtu mmoja mwenye suti alisoma historia ya uwanja kwenye kipaza sauti. Ilikuwa historia nzuri, imejaa wafadhili, viongozi, nyasi na viti vya jukwaani. Nilisikiliza mpaka mwisho nikingoja nisikie jina la Rubeni au la Yusta. Hayakuja. Watu wakapiga makofi, nikaona heri nisimulie mimi, hata kama sina kipaza sauti.

Yusta ndilo jina la ubatizo la huyo Mama Shukrani. Aliletwa hapa akiwa msichana, bibi harusi wa Rubeni, mkulima wa kabichi na karoti ambaye hakuwa na makuu ila alikuwa na kitu ambacho wengi hawakuwa nacho: shamba lililokaa karibu tambarare, begani mwa mlima, chini kidogo ya barabara ya kwenda Lushoto. Mtoto wao wa kwanza alikuwa wa kike, wakamwita Shukrani. Hakufika miaka minne. Mwaka ule surua ilipita nyumba kwa nyumba, na kwao ikamchukua. Wakamzika shambani, kama sisi wote tunavyozika. Rubeni alichukua jiwe la kusagia la marehemu mama yake, lililokuwa limepasuka nusu, akalilaza juu ya mtoto kabla ya kufukia, ili mbwa na fisi wasimsumbue. Juu ya kaburi akapanda sale.

Sale kila mtu wa huku analijua, ule mti mwembamba wa majani marefu tunaoupanda mipakani na makaburini. Ukikata ncha ukaichomeka ardhini inashika, ndiyo maana wazee waliupenda. Na kwetu mtu hasogezi sale. Unaweza kumtukana jirani, unaweza kumkatia mkungu wake wa ndizi, mtaitwa kwa mwenyekiti na mtayamaliza. Kusogeza sale ni jambo jingine, watu hawalitanii. Kesi za mashamba zinakwisha kwa swali moja tu, sale liko wapi, na likishaonekana mnarudi nyumbani. Mimi mwenyewe niliamini hivyo. Nilikuwa mjinga kama wengine.

Sasa uwanja. Enzi zile vijana wa Kwemsumbi walichezea mpira barabarani. Mpira ukitoka nje unashuka bondeni mpaka mtoni, na mara nyingi mechi iliisha kwa sababu hakuna aliyekuwa tayari kuufuata. Bondeni kulikuwa na tambarare, lakini bonde ni la mboga, na hakuna mwendawazimu wa kuchezea mpira juu ya kabichi za watu. Ukaitishwa mkutano, macho yote yakaenda kwa Rubeni. Wakamwahidi shamba jingine kule juu kwenye mikaratusi, mteremko mtupu, mahali hata mbuzi anapumzika akipanda. Rubeni akakubali. Alikuwa mtu wa kukubali.

Yusta alikataa. Alisimama kwenye mkutano wa wanaume na kusema mwanawe yuko pale, na haendi kwenye mikaratusi wala popote. Walimbembeleza wiki nzima. Mwisho wakafikia makubaliano mbele ya wazee wa kanisa na wazee wa msikiti, watu wote wakisikia: kaburi litabaki lilipo, sale litabaki juu yake, mstari wa uwanja utapinda kulizunguka, na hakuna mguu utakaolikanyaga. Hayo yalisemwa kwa mdomo, na kwa vile sale lilikuwa pale, hakuna aliyeona haja ya zaidi.

Kiangazi chote kile watu walikuwa kwenye msaragambo, kazi ya kujitolea ya kijiji kizima. Wanaume wakakata upande wa juu kwa majembe, wanawake wakabeba udongo kwa makarai na kwenda kuujaza upande wa chini. Yusta naye alibeba, na mimba ya Kristian ilikuwa tumboni. Nilimwambia apumzike. Akanijibu kwamba kama ni lazima watu waje kupiga kelele karibu na mwanawe, basi atasaidia ili wapate pa kusimama.

Ulipokwisha, uwanja ulikuwa na kona tatu kamili na nyingine iliyopinda. Kaburi halikuwa kwenye pembe yenyewe, lilikuwa ndani kidogo, kwa hiyo mstari ulifika pale ukakata kuelekea golini kabla ya wakati wake. Timu ya Rangwi ilipokuja mara ya kwanza walicheka mpaka wakakaa chini. Wa Mnazi, ambao baridi yetu ilikuwa inawaua, hawakuwa na nguvu za kucheka. Lakini waamuzi walizoea, na hapo hapakuwekwa kibendera. Sale ndilo lilikuwa kibendera.

Kila Jumamosi asubuhi, kabla ya mechi ya jioni, Yusta alishuka na kijembe chake kupalilia pale. Nilikuwa nikipita kwenda bombani namsikia akitoa salamu ya asubuhi ya Kisambaa, "Onga makeo," kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayemwamsha mtoto aende shule. Alikuwa analisalimia kaburi. Hakuna aliyemcheka. Wachezaji wenyewe waliokuwa wakipiga kona upande ule waliligusa sale kwanza, wakasema lina bahati.

Kristian akazaliwa, akakua, na Mungu akampa mguu wa kushoto. Sitamnyima haki yake: sijaona mtu anayepiga kona kama yule. Alikuwa anaukata mpira unaingia mlingoti wa pili bila kuguswa na mtu, na kipa anabaki ameduwaa. Watu walitoka Lushoto mjini kuja kumtazama. Ndipo wageni walipoanza kumwita Yusta Mama Kristian, na yeye akaitika, na niseme kweli, aliitika kwa furaha. Rubeni alikuwa ameshafariki, kalazwa nyuma ya nyumba. Mwanamke yule hakuwa na kingine cha kujivunia.

Shida ilikuwa moja. Mpigaji wa kona upande ule hakuwa na nafasi ya kukimbilia. Sale lilikuwa mgongoni mwake, akirudi nyuma linamchoma. Hilo tulilisikia likisemwa kila msimu, na kila msimu tulilisahau.

Familia nyingi za huku juu zina mashamba ya mahindi kule chini Mnazi. Yusta alishuka kila mwaka kwenda kulima, anakaa huko mpaka mahindi yasimame. Akirudi, kitu cha kwanza alikuwa anateremka uwanjani, na mara kadhaa alikuta sale limekuwa fupi na limechipua upya, majani laini kabisa. Kristian alimwambia wamelipogoa. Yusta alikuja kwangu na habari hiyo amefurahi kama mtu aliyeletewa zawadi. Alisema kijana anamtunza dada yake ambaye hata hakumwona, na kwamba sale linapochipua hivyo maana yake aliyelala pale amelala vizuri. Nikamwambia amshukuru Mungu. Leo nikiyakumbuka maneno yangu mwenyewe naona aibu.

Miaka ikaenda. Kristian hakufika mbali na mpira. Alikwenda kujaribiwa Tanga, akaumia goti, akarudi, akafungua duka la pembejeo, akanenepa. Lakini jina lilibaki, na habari za kujengwa uwanja wa kisasa zilipokuja, nani mwingine angekuwa mwenyekiti wa kamati? Tuliambiwa kutakuwa na jukwaa, uzio, mitaro ya maji na vipimo kamili, ili timu za mkoa ziweze kuja kucheza. Kona iliyopinda isingekubalika tena. Kaburi lilipaswa kuhamishwa.

Walimwendea Yusta kwa heshima zote. Mchungaji alikuwepo, na mzee wa kanisa, na Kristian mwenyewe amevaa koti. Nilikuwepo pia, nilileta chai. Walitegemea atakataa kama alivyokataa zamani, na walikuwa wamejiandaa kwa maneno mengi. Yusta akawasikiliza, kisha akasema amezeeka, magoti hayamruhusu tena kushuka kila Jumamosi, na afadhali mtoto alale nyuma ya nyumba karibu na baba yake. Alitaka jambo moja tu. Alitaka amwone kwa macho yake anapotolewa, na yeye mwenyewe ndiye amfunge sanda.

Kristian aliitazama chai yake. Nilidhani ni uchungu wa kiume. Angesema siku ile. Mama yake alikuwa amekaa mbele yake, Mchungaji yupo, mlango umefungwa, hakuna mtu wa nje. Neno moja lingetosha, na kulikuwa bado na muda.

Kibali cha kuhamisha kaburi kilichelewa, na greda lilikuwa limekodiwa na linangojwa kwingine. Kamati ikaamua lianze kazi, kona ya juu iachwe mpaka kaburi lihamishwe. Nilikuwa barabarani siku lilipofanya kazi. Nilimwona Kristian amesimama karibu na sale, anampungia dereva mkono ili azunguke mbali, na dereva akazunguka kwa adabu, akaacha kipande kizima cha nyasi pale kona. Kwingine kote lilikwangua likateremka. Udongo ukasukumwa upande wa chini ukamwagwa bondeni. Nilisema moyoni kwamba mtoto wa Yusta ana roho nzuri.

Yusta alishona sanda kwa mkono. Alinunua kitambaa cheupe Lushoto, akakata kipimo cha mtoto wa miaka mitatu, akapinda ncha zote. Nilimwambia kwamba baada ya karibu miaka arobaini kilichobaki kitatosha kwenye leso. Akasema anajua, lakini hawezi kumpelekea mwanawe kitambaa kisichomtosha.

Siku yenyewe ilikuwa asubuhi yenye ukungu. Tulikuwa wachache: Mchungaji, afisa wa afya, majirani, na Ismaili, ambaye huchimba makaburi ya watu wote hapa, Waislamu na Wakristo. Ismaili akamwamkia Yusta shikamoo, akamwomba ruhusa, akang'oa sale, akaanza kuchimba. Alichimba taratibu, kwa jembe kisha kwa mikono. Alifika kiunoni hakuna kitu. Akapanua upande wa kulia, akapanua wa kushoto. Udongo mwekundu mtupu.

Mchungaji akamweleza Yusta kwa upole kwamba mifupa ya mtoto mdogo ni laini, na udongo wetu una maji mengi, kwa hiyo si ajabu kuwa imekwisha yote. Akashauri wachukue udongo kidogo wauweke kwenye sanda, Mungu anaelewa. Watu wakaitikia. Kristian aliitikia kwa sauti kuliko wote.

Yusta naye alitikisa kichwa akikubali. Alikuwa ameshapiga magoti na kufungua sanda, ameshanyoosha mikono apokee ule udongo. Halafu akasimamisha mikono hewani.

"Na jiwe?" akauliza.

Hakuna aliyemwelewa. Akawaeleza habari ya jiwe la kusagia, nusu jiwe, ambalo Rubeni alilaza juu ya mtoto. Jiwe haliozi. Nilimtazama Kristian, na kwa mara ya kwanza nikaona uso wake hauko sawa. Alikuwa hajazaliwa siku ile ya mazishi. Habari ya jiwe alikuwa anaisikia leo.

Ismaili akaingia tena shimoni akachimba. Wakati anachimba, Yusta alikuwa anatazama kibanda cha mafundi kando ya jukwaa. Fundi mmoja, Martin, aliyekuja na kampuni kutoka Muheza, alikuwa amechuchumaa pale ananoa panga. Yusta akainuka, akaenda mpaka pale kwa yale magoti yake, na sote tukamfuata bila kujua kwa nini. Martin akanyanyuka akamwamkia. Alichokuwa ananolea panga ni nusu ya jiwe la kusagia.

Yusta aliinama akapitisha kiganja chake kwenye lile bonde la katikati, lililochimbika kwa miaka ya kusaga mahindi. Akamuuliza kijana yule alilitoa wapi. Martin hakuwa na kosa, alijibu kama mtu anayeulizwa njia. Alisema greda lililifumua, akanyoosha mkono kuonyesha mahali: ndani ya uwanja, kati ya kona na kumi na nane, hatua nyingi kutoka lilipokuwa sale. Na udongo wa pale uko wapi, akaulizwa. Akaonyesha bondeni.

Nimeona misiba mingi, nimeosha maiti, nimewashika wanawake wasianguke. Yusta hakulia. Aligeuka akamtafuta Kristian kwa macho, akampata nyuma ya Mchungaji.

"Kristian. Nani alisogeza sale?"

"Mama, tulikuwa tunatafuta nafasi ya kukimbilia."

"Nimekuuliza nani."

"Mimi. Mimi na wenzangu. Kidogo kidogo, ulipokuwa Mnazi."

"Na greda lilipokuja ulikuwa wapi?"

Sote tulimwona alikokuwa. Alikuwa amesimama kwenye kona anailinda nafasi tupu, na dada yake anakwanguliwa nyuma ya mgongo wake.

Baadaye yakaanza maelezo, maana watu wakiumbuka hawaishiwi maneno. Shabani, aliyekuwa kipa wa timu ile, alikuja kwangu kusema kwamba kila mwaka ilikuwa ni hatua moja tu, na kwamba wao walidhani mama anajua. Walikata ncha ya sale, wakaichomeka nyuma kidogo kuelekea pembeni mwa uwanja, wakang'oa shina la zamani. Mwaka uliofuata hivyo hivyo. Hatua moja, akarudia, kana kwamba hatua za kila mwaka hazikuwa zinakwenda upande mmoja. Nikamuuliza kama hawakuogopa. Akasema mwanzoni waliogopa, wakangoja waone nani atakufa, na hakuna aliyekufa, tena walishinda. Nikamfukuza kwenye baraza yangu. Kristian yeye alieleza kwamba aliposhika uenyekiti hakukumbuka tena mahali penyewe, na aliogopa kumwonyesha mama yake mahali pa uongo. Kwa hiyo akanyamaza, akamwacha ashone sanda.

Mimi najiuliza jambo jingine, na linaniuma mpaka leo. Akiwa huku juu, Yusta hakuwahi kukosa mechi. Alikaa kwenye ukuta wa juu na khanga yake, akimwangalia mwanawe akirudi nyuma, akikimbia, akipiga. Zile hatua alizokuwa anakimbilia zilipita juu ya Shukrani. Na mama alishangilia. Na sale alilolipalilia na kulisalimia kila Jumamosi halikuwa na mtu chini yake.

Siku ile ya shimo Ismaili alimsaidia kubeba jiwe mpaka nyumbani. Sanda aliikunja akairudisha kabatini. Watu wa kamati walipendekeza waweke kibao kidogo pale kona chenye jina la mtoto, ukutani, rangi ya bluu. Alimsikiliza yule waliyemtuma, akamkaribisha chai, akamwambia kibao nacho kina miguu. Sale lililong'olewa Kristian alilichukua akaja kulipanda nyuma ya nyumba, kwenye kaburi la baba yake. Kesho yake asubuhi nililikuta limetupwa jalalani kwangu, na sikuuliza kitu.

Uwanja umependeza, siwezi kusema uongo. Kona zote nne zimekaa sawasawa, zina vibendera vyekundu. Rangi mpya, nyasi mpya. Rangwi wamekuja na hawakucheka. Kristian bado ni mwenyekiti, maana hapa kwetu mtu haachi kiti kwa sababu ya aibu. Jumapili baada ya ibada huja na sukari na mchele, anasimama mlangoni anaita mama, mama. Mlango haufunguki. Mizigo huachwa kizingitini, na jioni Yusta huniletea mimi.

Mwezi uliopita aliugua kifua, tukadhani hatatoka. Mchungaji alikuja kumpa meza ya Bwana, akamwomba amsamehe mwanawe kabla ya safari. Yusta akasema kusamehe ameshasamehe, hilo liko kati yake na Mungu, lakini kusamehe si kusahau mtu ana mkono wa namna gani. Akaniita nisogee. Jiwe lilikuwa chini ya kitanda, nililiona nilipoinama.

"Mkinizika msinipandie sale," akasema. "Niwekeeni jiwe hili juu yangu. Chini kabisa, mahali Kristian hafiki."